Miaka minne kabla ya matanga

Mama yangu alianza kukaa eda ya baba yetu, ule muda ambao mjane hukaa ndani baada ya kufiwa na mumewe, miaka minne baada ya baba kutoweka. Hakuchelewa kwa ubishi wala kwa kutojua dini. Kadhi alimwambia asubiri, naye akasubiri. Baba aliondoka nyumbani kwetu Malindi, mjini Unguja, Jumamosi moja ya mwisho wa Shaaban mwaka 1383 wa Hijria, akaenda Bumbwini alikokuwa na duka, na usiku wa kuamkia kesho yake, tarehe 12 Januari 1964, Mapinduzi ya Zanzibar yakaanza. Hatukumwona tena akiwa hai, wala hatukumpata mtu wa kutuambia kwamba alimwona akiwa maiti. Mimi nilikuwa binti wa miaka minane, na sasa ninaishi Maskati nikiwa na wajukuu wanaoniuliza habari za babu wa mama yao kwa Kiarabu, nikawajibu kwa Kiswahili.

Sikusudii kuandika historia ya Mapinduzi. Historia hiyo ina wenyewe, na wenyewe hawajakubaliana mpaka leo. Ninachotaka kueleza ni jambo la ndani ya nyumba moja: namna huzuni ya mtu aliyepotea inavyokataa kuanza, na namna kumbukumbu za familia iliyohama nchi zinavyoharibika, au pengine niseme zinavyogandamana, pale ambapo hakuna aliyethubutu kusema kwamba fulani amekufa.

Watu wa pwani wanajua siku za mwisho wa Shaaban zilivyo. Ndizo siku za kuvunja jungu, ambapo watu hula na kualikana kabla mwezi wa Ramadhani haujaandama, na mwaka ule zilikuwa zimebaki siku chache tu. Baba alikwenda shamba kukusanya madeni. Duka lake lilikuwa dogo, la mchele, sukari, mafuta ya taa na doti za kanga zilizoning'inizwa kwenye kamba, na wateja wake walikuwa wakulima na wachumaji wa karafuu, ambao alikuwa akiwakopesha na kuwaandika kwenye daftari mpaka watakapolipwa. Hakuwa na shamba wala mkarafuu mmoja. Nalitaja hili kwa sababu nimechoka kusikia Waarabu wote wa Unguja wakielezwa kana kwamba kila mmoja wao alikuwa bwana shamba mwenye watumishi arobaini. Baba yangu alikuwa muuza duka aliyelala juu ya magunia yake. Kwamba hata muuza duka alikuwa na daftari lenye majina ya watu waliomwogopa, hilo nalo nimelijua baadaye, na nitalieleza mahali pake.

Siku zilizofuata mama hakutuambia chochote. Alipika futari ya mtu mmoja zaidi kwa Ramadhani nzima, na sahani ile ikiliwa usiku wa manane na sisi watoto, kwa sababu chakula hakitupwi. Kabla mwaka ule haujakwisha tukaondoka, mama, shangazi, kaka yangu mdogo na mimi, tukaingia Mombasa na kupokewa na mjomba wetu mtaa wa Kibokoni. Katika nguo chache alizozichukua, mama alitia kanzu mbili za baba, asije akafika akakosa ya kubadilisha. Tukaanza kuishi kwa kushona kofia za viua, kazi ambayo mama aliijua tangu utotoni, nami nikaisoma hapo kwa kulazimika, maana kofia moja nzuri huchukua wiki nyingi na vidole vya mtu mmoja havitoshi kulisha watu wanne.

Tatizo kubwa la miaka ile halikuwa umasikini, ingawa ulikuwepo. Lilikuwa ni dua. Muislamu humwombea aliye safarini arudi salama, na humwombea maiti arehemiwe na kuepushwa na adhabu ya kaburi, na dua hizi mbili haziwezi kusomwa kwa mtu mmoja kwa wakati mmoja bila ya moyo kugoma. Mama alizisoma zote mbili. Nilikuwa nikimsikia baada ya sala ya Alfajiri, akianza na moja na kuishia na nyingine, kisha akinyamaza muda mrefu kama mtu aliyesahau alichofuata chumbani. Siku moja, nikiwafuata watu wazima wanavyosema, nilimtaja baba nikaongeza "Mungu amrehemu", na shangazi akanipiga kofi. Hakunieleza kosa langu, na mimi sikuuliza. Kaka yangu, kwa upande wake, alikuwa akiapa kwamba Jumapili ile jioni alimwona baba mlangoni, amesimama na baiskeli yake, akamwambia "Kalale". Alikuwa na miaka mitano. Hakuna aliyemkanusha, na kwa sababu hiyo habari yake ikazidi kunawiri mwaka hadi mwaka, baiskeli ikapata rangi, na baba akapata maneno zaidi.

Nimekuja kufahamu ukubwani kilichokuwa kikitendeka. Katika nyumba inayosubiri, kila kumbukumbu ni ushahidi, na hakuna anayetaka kuwa yeye ndiye aliyeubatilisha ushahidi. Mtu akisema kwamba siku ile baba alivaa viatu vizito, maana yake alikusudia kwenda mbali, basi huenda yu hai. Akisema alivaa makubadhi, maana yake hakukusudia kwenda popote. Tulikuwa tukibishana juu ya viatu kwa ukali ambao wageni hawakuuelewa. Huzuni ya kawaida humwachia mtu asahau vitu vidogo, lakini yetu haikuturuhusu kusahau hata kifungo.

Mwaka wa nne mama alimwomba mjomba ampeleke kwa kadhi. Mjomba aliona haya, kwa sababu alidhani dada yake anataka kuolewa, na watu wa mtaani walidhani hivyo hivyo. Wanavyuoni wamekhitilafiana juu ya mke wa mtu aliyepotea. Wako wanaosema kwamba anabaki kuwa mke wake mpaka ipatikane yakini ya kifo, au mpaka upite umri ambao watu wa rika lake wamekwisha kuondoka duniani; na wako wanaofuata hukumu iliyopokewa kutoka kwa Sayyidna Umar bin Khattab, kwamba mke asubiri miaka minne, kisha akae eda ya kufiwa ya miezi minne na siku kumi, na baada ya hapo yuko huru. Mama alikuwa amekwisha kuijua khitilafu hii, kwa sababu tangu mwaka wa kwanza aliwahi kuuliza, akaambiwa asubiri. Mjomba alipomwambia kwa upole kwamba hakuna haja ya kuharakisha mambo, alimjibu kwa maneno ambayo shangazi aliyahifadhi na kunisimulia mara nyingi: "Kaka, mimi sitaki mume. Nataka kujua kama mimi ni mke wa mtu au ni mjane, nipate kujua niombe dua gani."

Kadhi akamwandikia karatasi. Msikitini wakamsalia baba sala ya ghaibu, ile ya maiti asiyekuwepo, na mama akaingia eda mwishoni mwa Shaaban ya mwaka 1387, ambayo kwa kalenda ya Kizungu ilikuwa karibu na Desemba 1967, akatoka mwanzoni mwa Muharram, Aprili ya mwaka uliofuata.

Miezi ile ninaikumbuka vizuri kuliko kipindi kingine chochote cha utoto wangu. Mama hakutia wanja wala hina, hakujifukiza udi, hakuvaa dhahabu (hata hivyo iliyokuwapo ilikuwa imekwisha kuuzwa), na hakutoka nje ila kwa dharura. Kofia aliendelea kushona. Kwa mtu wa nje hakuna kilichobadilika, kwa sababu hata kabla ya hapo hakuwa mwanamke wa kutembea. Lakini majirani walianza kuja. Kwa miaka minne walikuwa hawajui wamwambie nini, hata salamu zao zilikuwa na kigugumizi. Sasa walikuwa na neno la kusema, neno lile lile ambalo kila mtu huambiwa, na mama alikuwa na jibu lile lile ambalo kila mtu hujibu. Waliingia wakakaa mkekani, wakalia kidogo, wakazungumza bei ya sukari, wakaondoka. Nilimwona mama akilia mbele ya watu kwa mara ya kwanza, na jambo lililonishangaza ni kwamba baada ya kulia alikula.

Siku alipotoka eda ikasomwa hitima, ukapikwa pilau, na matanga yakaanuliwa kana kwamba maiti alizikwa wiki iliyopita. Mama akazitoa zile kanzu mbili akampa mzee mmoja aliyekuwa akiuza kahawa. Kaka yangu alilia sana kwa ajili ya kanzu, na usiku ule, nadhani kwa mara ya kwanza, mama alimwambia: "Mwanangu, baba yako hakurudi Jumapili. Uliota." Alilisema kwa upole lakini alilisema. Asingeweza kulisema kabla ya karatasi ya kadhi.

Baada ya hapo tukaweza kubishana juu ya baba kama watu wengine wanavyobishana juu ya wazee wao, na ndipo yalipoanza kufichuka mambo ya ajabu. Kwa miaka mingi nilikuwa nikisimulia kwamba asubuhi ile ya Jumapili tulikuwa tumekaa nyumbani kuizunguka redio, tukisikia sauti kali, yenye lafudhi isiyokuwa ya kwetu, ya mtu aliyejiita Field Marshal John Okello, mmoja wa viongozi wa Mapinduzi, akitoa amri na vitisho. Nilikuwa nikiweza hata kueleza kitambaa kilichofunika ile redio. Shangazi alinisikiliza siku moja mpaka mwisho, akaniambia kwamba nyumbani kwetu hapakuwa na redio. Redio ilikuwa kwa jirani wa ghorofa ya chini, na sisi watoto tulifungiwa chumba cha ndani chenye dirisha moja linaloelekea ukutani. Okello kweli alitangaza redioni siku ile, na watu wazima kweli walimsikia. Kitambaa nacho kilikuwa cha kweli, ila kilifunika mtungi wa maji. Mimi niliyakusanya niliyoyasikia Mombasa kutoka kwa watu wengi waliohama kama sisi, nikayapanga katika chumba nilichokuwa nakijua.

Sijioni mwongo kwa hilo, na simwoni kaka yangu mwongo kwa baiskeli yake. Watu waliohama pamoja hukopeshana kumbukumbu kama wanavyokopeshana sufuria, na baada ya miaka kumi hakuna anayejua sufuria ni ya nani. Lakini kwa yule anayetaka kuwasimulia watoto wake, nimeona ni heri aulize mapema, wakati bado yupo mtu mzima mmoja wa kusema kwamba hapakuwa na redio. Shangazi alifariki muda mfupi baadaye, na kuna maswali mengine kadhaa ambayo sasa hayana wa kuyajibu.

Sultani Qaboos alishika nchi ya Oman tarehe 23 Julai 1970, akawaita Waomani waliokuwa nje warudi kuijenga. Kabla ya hapo nchi nzima ilikuwa na shule tatu tu za kisasa, kwa hiyo watu waliosoma Unguja, Mombasa au Misri walihitajiwa sana, hata kama Kiarabu chao kilikuwa cha kubabaisha. Tukahamia Maskati katikati ya miaka ya 1970. Katika kutafuta pasipoti, karani aliuliza kama baba wa watoto yu hai au amekufa, na mama akajibu "marehemu" bila ya kumtazama mtu, akatoa karatasi ya kadhi wa Mombasa. Katika foleni ile alikuwepo mwanamke mwingine, ambaye mume wake alipotea kama baba yetu, na alipoulizwa swali hilo hilo aliondoka akasema atarudi kesho. Sikumwona tena, lakini nimemfikiria mara nyingi.

Maskati ilikuwa na bado ina watu wetu wengi, na katika harusi na hitima zao Unguja husimuliwa kama bustani. Embe zake zilikuwa tamu zaidi, watu wake walikuwa hawafungi milango, mabwana na watwana walikuwa wakila sinia moja. Nimekaa katika mazungumzo hayo nikayafurahia, lakini yana kasoro moja: hakuna masikini ndani yake. Nililijua hilo kwa mwanamke wa Bumbwini.

Nilikwenda Unguja Januari 1997. Mwaka wa Kiislamu ni mfupi kwa siku kumi na moja hivi kuliko wa Kizungu, kwa hiyo tarehe mbili za msiba wetu, ile ya mwezi wa Shaaban aliyoishika mama na ile ya 12 Januari inayoshikwa na serikali, zilikuwa zimeachana na kuzungukana kwa miaka 33. Mwaka ule zilikutana tena kwa karibu. Sherehe za Mapinduzi ziliangukia siku za mwanzo za Ramadhani. Niliona gwaride kwa mbali nikiwa nimefunga, kisha siku ya pili yake nikapanda gari ya Bumbwini.

Mahali pa duka palikuwa na nyumba ya mtu mwingine. Nilielekezwa kwa bi mkubwa mmoja aliyekuwa akisuka ukili barazani. Nilimwamkia, akaitikia, akanitazama sana, akaniuliza, kwa jina waliloitwa Waarabu wa kutoka Oman: "Wewe mtoto wa yule Mmanga wa dukani?" Nilipomwambia ndiye, hakunipa pole wala hakunikaribisha kwanza. Aliniambia: "Mama yangu amekufa na deni la baba yako. Mchele, na doti mbili za kanga. Daftari liliungua, lakini Mungu hakuunguza lake." Alikuwa ameishi na deni lile miaka yote ile, akijua kwamba roho ya muumini hufungika kwa deni lake, na hakuwa na mtu wa kumwomba amsamehe. Nikamwambia mimi nasamehe fungu langu, lakini warithi wengine wapo, nitawauliza.

Nilimwuliza kuhusu baba. Alisema amesikia habari mbili, moja ya barabarani na moja ya lori, na hakuona hata moja kati yake. "Sisemi nisiloliona," alisema, na hapo nikatambua kwamba katika safari nzima sikukutana na mtu mwaminifu kama yule. Kisha akanieleza yake, bila ya hasira. Zama za siasa, kabla ya uhuru, baba yake alikuwa amelima muhogo na kujenga kibanda katika shamba la mtu mwingine, kama walivyofanya masikwota wengi, na bwana shamba akawafukuza kwa sababu hawakuwa wa chama chake. Migomba yao ilikatwa ikiwa na mikungu. Walihamia hapo Bumbwini bila ya chochote, na ndiyo maana mama yake alikopa mchele na kanga kwa baba yangu. Yeye pia alikuwa na mahali pa utotoni ambapo hapakuwa tena, na hakuwahi kuvuka bahari.

Niliporudi Maskati nikampelekea mama habari ya deni. Nilidhani atalia. Aliniuliza: "Kanga gani?" Sikuweza kumjibu. Akafikiri, akasema: "Nimesamehe. Na kaka yako atasamehe, mwambie mimi nimesema. Lakini baba yenu mwenyewe sijui, alikuwa mgumu wa madeni. Msimfanye malaika." Nikaandika barua, nikampa mtu aliyekuwa akisafiri aifikishe kwa mkono.

Mama alifariki Maskati miaka kadhaa baadaye. Tulimkosha wenyewe, mimi na binti zangu, akasaliwa na kuzikwa siku ile ile, na watu wakaja kutoa mkono wa pole siku tatu kama ilivyo ada ya huko. Vijana wa familia waliosoma walisema hitima ni uzushi, wakubwa wakasema mama yao amesoma hitima ngapi za watu, na mwishowe tukasoma kwa sauti ya chini katika chumba cha ndani, kila upande ukijiona umeshinda. Nilimlilia mama sana. Hata hivyo nilishangaa jinsi huzuni ile ilivyokuwa na utaratibu: ilinishika, ikanilaza, ikanilegeza kidogo kidogo, na mwaka haujakwisha nikaweza kucheka nikisimulia habari zake. Kumbe ndivyo kufiwa kulivyo. Kwa baba, nilikuwa na miaka minane nilipompoteza na kumi na mbili nilipofiwa naye, na ile minne ya katikati ndiyo iliyonichosha maisha yangu yote.

Siku hizi kaka yangu, ambaye ni mstaafu, anatengeneza shajara ya ukoo kwa ajili ya watoto, ya kuchapwa kwenye karatasi kubwa na kutundikwa. Amekuja kwangu kuuliza tarehe ya kufa kwa baba. Yeye anataka kuandika Shaaban 1383, kwa sababu ndiyo siku tuliyomkosa, na hataki wajukuu wadhani baba alitutupa miaka minne. Mimi nilimtaka aandike 1387, tarehe ya karatasi ya kadhi, maana ndiyo pekee yenye mashahidi. Tumebishana kwa simu jioni nyingi, na mke wake amelalamika. Mwisho nimemwachia aandike 1383, kwa sharti kwamba pembeni ya jina la mama aandike mwaka aliokaa eda, ili atakayesoma aone tofauti na aulize. Amekubali. Nilipomwomba aongeze na neno Bumbwini kuwa ni mahali alipofia, amekataa, akasema hakuna aliyeona, na baiskeli hakuitaja.